Skripti ya Kilo Moja

Kwa miezi mitatu niliamini kwa moyo wangu wote kwamba vituo vya televisheni vya Dar es Salaam vinapima skripti kwenye mizani, na isiyofika kilo moja haifunguliwi. Aliyeniambia ni mpiga picha wa harusi hapa Singida mjini, ambaye nilikuwa natengeneza naye filamu zetu ndogo. "Wameiweka pale mlangoni, mwalimu," alisema, "kama ile ya wanunuzi wa alizeti." Mimi si mwalimu wa mtu. Nilimaliza kidato cha nne kwa masomo ya jioni, nikanunua miwani isiyo na kazi, jina likaniganda.

Kufikia wakati huo nilishakataliwa mara elfu moja. Haya, mara saba. Ya kwanza nililala kitandani wiki nzima. Ya saba nilipokea simu, nikasema asante, nikaendelea kumenya viazi. Ganzi tupu, kama shavu lililochomwa sindano ya jino.

Mke wangu ndiye aliyetoa hukumu. "Baba watoto, hii ya nane ndiyo ya mwisho. Wakiikataa tunahamia kwetu Mitundu tukalime. Sitaki tena kusikia neno dairekta humu ndani."

"Sawa," nilisema. Hata kubishana sikuona sababu.

Hiyo ya nane ilikuwa na kurasa tisini. Ukurasa wa kwanza tu, mjane anarudi ukweni, anaingia uani, wakwe wamekaa, anasema: "Nimefuata shamba langu." Basi. Mke wangu alipofika hapo alifuta mikono kwenye kitenge, akarudia kusoma.

Nikaipeleka kwa jirani mwenye duka, tukaiweka kwenye mizani ya sukari. Haikufika hata nusu.

"Itie chumvi," jirani alicheka.

Nikaitia salamu. Si kweli kwamba kwetu Unyambwa mtu haingii uani na shida yake kabla hajaamkia? Mjane akaamkia baba mkwe, akaamkia mama mkwe, akaulizwa habari za njiani, za watoto, za ng'ombe, za mvua ya huko. Kisha mashemeji wadogo nao wakaja kumwamkia, mmoja mmoja. Kila aliyetokea nikamfanya asalimie upya. Niliandika kama mtu anayepukuchua mahindi, sisikii kitu. Mpaka mizani inagota kwenye kilo, ile sentensi ya shamba ilishazama huko ukurasa wa arobaini na kitu. Mke wangu aliitafuta, hakuiona, akafunika.

"Umesalimia sana," alisema.

"Ni uzito, mama watoto."

Nikaifunga kwa kamba, nikaituma kwa basi.

Mwezi mmoja baadaye prodyuza akapiga, dada mwenye maneno ya haraka. Nikaweka sauti ya juu ili mke wangu asikie.

"Kaka, hii hatutaichukua."

Mke wangu alikwenda kuanua nguo, akaanza kuzikunja. Mimi nilingoja niumie, sikuumia. Nikauliza tu kwa adabu: "Samahani, dada, ilipungua? Mizani yenu ilisoma ngapi?"

"Mizani gani?"

Nikamweleza, tangu mlangoni hadi alizeti. Hakucheka.

"Kaka, hapa hakuna mizani. Tunasoma. Mimi nimesoma kurasa thelathini, watu bado wanaamkiana, nikaacha."