Mbasa wa Kwaresima kwenye Friji la Chanjo

Bwana Hamphrey, mkubwa wa idara ya afya huko Mbinga, alikuwa mcha Mungu kwelikweli. Kwaresima ikiingia hagusi nyama, hata ya kuku. Badala yake, kila Alhamisi gari la serikali lilishuka milima mpaka ziwani kumfuatia mbasa, samaki wanono wa huko, wakalazwa ndani ya friji la mafuta ya taa la zahanati ya ufukweni, Ijumaa asubuhi wakapandishwa Mbinga wangali baridi. Kufunga gani huko? Wengine hata Pasaka hawali hivyo.

Friji hilo lilikuwa la chanjo, la pekee kwa vijiji vyote vya jirani, na mtunzaji wake alikuwa nesi Emerensiana, binti wa mvuvi wa hapohapo ufukweni. Alikwisha kulalamika mara mbili, akaambiwa asiwe na jeuri.

Basi siku moja jirani yake Tadea alikuja na mtoto mgongoni, Eliza, wa miezi tisa, achanjwe surua. Emerensiana akakuta mbasa wamebanwa mlangoni, mlango haukufunga, joto limepanda. Chanjo ikishapata joto ni maji tu. Akawatoa samaki wale akawapikia akina mama waliojifungua, wakala na ugali wa muhogo mpaka wakalamba vidole. Tadea akaambiwa arudi dawa nyingine zikija.

Kabla hazijaja, ulikuja uhamisho: nesi aende Litumbandyosi mara moja, kwa manufaa ya umma. Umma wenyewe ulikuwa tumbo moja.

Ndugu zake walimsihi anyamaze, mwenye nguvu mpishe. Lakini atakayeshika nafasi yake alikuwa Bernadi, mtu wa ndiyo mzee, ambaye angemwachia mkubwa friji lote, na watoto wa ufuko mzima wangebaki bila kinga. Hilo ndilo lililomnyima usingizi. Zamani, kuishtaki serikali kulihitaji kibali cha serikali hiyohiyo, sawa na kumwomba fisi ruhusa ya kumdai mbuzi wako. Sasa ilikuwa miaka ya soko huria, kibali kimefutwa, na mawakili nao walikuwa na njaa ya wateja. Emerensiana akaripoti Litumbandyosi kama alivyoamriwa, kisha akafungua kesi Mahakama Kuu, Songea. Kesi ikaahirishwa, ikaahirishwa tena. Mara faili halionekani, mara wakili wa serikali ana mafua. Mwaka ukakatika.

Hatimaye Bwana Hamphrey akasimama kizimbani ndani ya suti, rozari ikichungulia mfukoni. Wakili alikuwa amemfundisha aseme "manufaa ya umma" halafu afunge mdomo. Thubutu! Alikuwa amenong'onezwa kwamba Jaji ni Mkatoliki mwenzake, akaamini kabisa dini itambeba. Jaji akamuuliza kosa la nesi lilikuwa nini.

"Aligawa kitoweo changu cha Kwaresima, Mheshimiwa Jaji," akajibu, kifua mbele. "Nilikihifadhi kwenye friji la zahanati. Mtu anayemzuia mwenzake kufunga atakaaje pale?"

Wakili wake akainama kutafuta kalamu ambayo haikuanguka. Uhamisho ukabatilishwa hapohapo, nesi arudishwe kituoni kwake. Na Bwana Hamphrey je? Akapandishwa cheo, akahamishiwa mkoa mwingine, kwa manufaa ya umma. Uhamisho huo hakuna aliyeupinga.

Emerensiana akashuka ziwani moyo mweupe. Zahanati aliikuta na Bernadi amesimama mlangoni, macho chini. Friji lilinuka shombo, na utambi wake ulikuwa umezimika zamani. Surua ilikuwa imepita ufukweni masika yaliyopita, Bernadi akasema.

Watu walikuja kumpongeza, wengine na dagaa wa usipa, wengine na vigelegele. Tadea alikuja mwishoni. Khanga yake ya kubebea ilikuwa imefungwa kiunoni, na mgongoni hakuwa na mtu.

"Shikamoo, nesi," alisema. "Tumesikia umeshinda."

Emerensiana alitaka kumuuliza Eliza yuko wapi, macho yakaishia kwenye khanga ile. Akachukua ndoo na sabuni, akapiga magoti mbele ya friji, akaanza kulisugua huku analia bila kujificha, na Tadea akapiga magoti pembeni yake akamshikia ndoo.