Madoa ya Shati la Diwani

Diwani alimkatia Mama Povu maji, kisha akamwibia sauti. Maji aliyavuta hadi kwenye gereji yake ya kuoshea magari. Sauti akaitia kwenye wimbo wake wa kampeni.

Mama Povu ni dobi. Shule hakuiona hata mlango, lakini akishika nguo kwenye karai, mikono inapiga mdundo na mdomo unaitikia: sugua, sugua, suuza! Binti wa dada yake, asiyeisha kurap, alimrekodi kwa simu, akaghani juu ya mdundo ule habari za bomba kavu. Wimbo ukawaka mtaani. Watu wa diwani wakaunyakua, wakakata maneno ya maji, wakapachika sifa za bosi wao. Sauti ya Mama Povu wakaiacha, ilikuwa tamu.

Siku ya mkutano, spika zilitikisa uwanja. "Sugua, sugua, suuza!" Kisha mdundo unanyamaza kidogo, umati upate kuitikia, "Diwani!"

"Mama mkubwa, ni wewe huyo!" Binti alimvuta mkono. "Utanyamaza?"

"Ninyamaze nina nini mdomoni? Maji yenyewe yako wapi?"

Akajitoma mbele akicheza. Diwani, ambaye nguo zake hupelekwa kwa dobi na dereva, hakuijua sura ile. Akacheka, akampa kipaza sauti.

"Haya, mama, wasalimie wananchi!"

Mdundo ukanyamaza. Mama Povu akapenya papo hapo:

"Bomba umeziba, sauti umeiba,
Ndoo zetu kavu, wewe umeshiba!
Shati lako jeupe, nani amelifua?
Ni mimi, na madoa yake yote nayajua!"

Uwanja ulilipuka. Ndoo tupu zikageuka ngoma. "Rudia, mama, rudia!" Diwani akanyoosha mkono kutaka kipaza sauti chake, lakini mpewa hapokonyeki. Mama Povu akarudia, akirukaruka kama msichana. Hata fundi wa muziki, kichwa kikimtikisika, alisahau kuzima. Umati ukamfuata Mama Povu ukiimba mpaka mlangoni pa gereji ya diwani, na haukuondoka.

Jioni bomba la mtaa likakohoa, likatema kutu, likatoa maji. Mama Povu akajaza karai, akacheka peke yake.

Lakini hajasahau. Maji yamerudi, samahani haijaja. Diwani bado anadaiwa neno hilo moja, tena alitoe uwanjani kwa kipaza sauti, maana alipoiba hakuiba kwa kunong'ona.