Babu Alipopigia Televisheni

Enzi zetu pale Chundwa, kijiji cha kisiwani, televisheni ilikuwa moja tu, ya Bi Rukia, ikitumia betri ya gari. Jumamosi alasiri tulivua ndala mlangoni, tukabanana juu ya mkeka, vidole vikinuka achari ya embe, na aliyekaa mbele hakuruhusiwa hata kupiga chafya.

Babu yangu, Bwana Mahazi, alikuwa akitwambia kwamba ujanani alifanya kazi televisheni, Nairobi, wakati picha zilikuwa nyeusi na nyeupe. Alikuwa mpiga muziki wao. Katika jioni moja tu alipiga kinanda kwenye kipindi cha watoto, akashika udi wa nyuzi kwa mashairi, kisha akakimbilia ngoma za mchezo wa kuigiza, na muziki wa kufungulia kila kipindi aliutunga yeye. Picha ikikatika walimpigia kelele, "Mahazi, piga chochote!" Naye akapiga chochote mpaka picha irudi.

Nilijigamba. Kila Jumamosi niliwaambia wenzangu watege masikio, muziki wa babu unakuja. Haukuja.

"Babuyo mrongo!" akasema Shebwana, mtoto wa jirani. "Labda alikuwa akifagia huko."

Wote walicheka. Mimi, ambaye hadi leo siwezi kutuma barua ya kuomba kazi bila kuisoma mara tisa, nilianza kuwaza. Kama babu amedanganya hili, je, zile dua alizonifundisha? Nimekuwa nikiziomba kimakosa miaka yote?

Nikamwuliza. Hakukasirika. "Mwanangu, tulipiga moja kwa moja hewani. Ukanda ulikuwa ghali. Wakirekodi leo, kesho wafuta, warekodi kipindi chengine." Hakuwa na ukanda, wala picha, wala barua. Nilitamani sana kumwamini, nikashindwa.

Kisha akaja Mwalimu Nduta, mama wa makamo kutoka bara, akashuka mashuani katika bandari ya Mtangawanda na masanduku yake kuja kuongoza shule yetu. Alipanga nyumba ya pili kutoka kwetu. Alasiri moja babu alikuwa barazani akipiga kwa udi ule muziki wa kipindi cha watoto, mimi na Shebwana tukicheza mdako wa kokoto miguuni pake. Mwalimu akatoka jikoni kwake, mwiko mkononi, akiimba:

"Nti yetu, nti njema, amkeni twende shule!"

Vidole vya babu vikasimama.

"Huu wimbo wa utoto wangu!" mwalimu akasema. "Tuliutazama kwa jirani. Lakini Mzee, 'nti' ni nini? Sisi tulidhani ni mti umekosewa."

Babu akafunika uso. "Ni nchi kwa lugha ya kwetu, Mwalimu. Niliandikiwa 'nchi'. Siku ya kwanza kuimba hewani ulimi ukanirudisha Chundwa. Mkubwa wa studio alinigombeza wiki nzima."

"Na darasa zima tukaimba nti!" Mwalimu alicheka mpaka akaegemea ukuta.

Nikamgeukia Shebwana.

"Kwani mimi nilisema nini?" akanung'unika, akiokota kokoto zake.

Siku hizi mpwa wangu hurekodi hata paka akipiga miayo, na haamini jambo mpaka alione kwenye simu. Babu ametangulia mbele ya haki, nami sina hata sekunde moja ya udi wake. Ajabu ni kwamba hilo, mimi niwazaye kila kitu, haliniumizi sana. Huwaza tu kwamba huko bara yuko bibi anayemwimbia mjukuu wake "nti yetu, nti njema", na mjukuu akimwuliza maana yake, humwambia labda ni mti umekosewa.