Shangazi Mwenye Ndevu za Pamba

Juzi mjukuu wangu alipakwa poda baada ya kuogeshwa, na harufu yake ikanirudisha uani kwetu Ibra, Uarabuni, siku ya harusi ya dada yangu. Shangazi alikuwa akijimwagia poda kama ile kichwani ili nywele zionekane mvi.

Kule Unguja alikotoka, alikuwa mwigizaji wa jukwaani. Ibra hakuna aliyemjua, na wanawake walikicheka Kiarabu chake chenye lafudhi ya Kiswahili. Siku ile akaamua kuwachezea mchezo wa kuigiza kwa Kiarabu hicho hicho.

"Wifi, watakucheka," mama alimwambia.

"Leo watacheka ninapotaka mimi," akajibu, akibandika ndevu za pamba.

Akatoka amekuwa mzee bakhili anayeposa mke asiyekula. Mwanzo wanawake walitazamana tu. Alipomgeukia bibi harusi na kumtaka ashibe kwa kunusa mchuzi, jirani aliyezoea kuiga Kiarabu cha shangazi sokoni alicheka mpaka akajishika mbavu. Ua mzima ukalipuka kwa vicheko na vigelegele.

"Tena, wallahi! Tena!"

Akaucheza mchezo upya tangu mwanzo. Haukupita muda, gari zikaanza kuja kutoka miji ya Nizwa na Sur kumchukua akaigize harusini, na madereva wakisimama mlangoni kwa adabu, wakimwita kwa jina la heshima la bingwa wa kike, "Ustadha yuko tayari?"