Nyanya Zilizokunywa Maji ya Mgeni

Siku moja ya kiangazi, mwanangu, naikumbuka hata nikijaribu kuisahau. Nilikuwa kigodani nyuma ya nyumba yangu hapa Newala, nikizitazama nyanya zangu kama baba anayetazama watoto wake wakisali. Zilikuwa kijani kibichi. Vingine vyote kijijini vilikuwa vumbi tupu, nami nikiwemo.

Ilianza hivi. Rafiki yangu wa Chiwata, aliyelima bondeni kando ya maji, alikuwa akishusha matenga ya nyanya pale sokoni Mkomaindo, na karibuni akanunua baiskeli mpya. Baiskeli niliiona. Shamba sikuliona, maana Chiwata ni mbali, na mimi tangu utoto ni mtu wa kukaa nyumbani. Usione vyaelea, vimeundwa. Mimi nilitaka kuelea tu. Mikorosho aliyonigawia mjomba nikaiacha bila palizi wala dawa ya salfa, nikapanda nyanya nyuma ya nyumba, nisije nikachoka kwa kutembea.

Aliyetembea ni mke wangu, Mama Somoe. Wakati ule huku juu bomba hatukuwa nalo (hata leo lipo likipenda lenyewe), maji yalikuwa chini bondeni. Aliteremka gizani, akapanda na ndoo kichwani, Somoe mgongoni.

"Baba Somoe," aliniambia, "hizi nyanya ni wake wenzangu, na mtumishi wao ni mimi."

Nikacheka. Nilidhani ananitania.

Basi siku hiyo, jua la utosi, mjomba akafika akisukuma baiskeli, maana mlima wetu haupandwi kwa pedeli.

"Shikamoo, mjomba."

"Marahaba, mpwa wangu. Nipe maji kwanza, habari zitafuata."

Mama Somoe akainamisha mtungi. Mkavu. Alipokwenda kutafuta kuni, mimi nilikuwa nimezimwagia nyanya maji yote. Mjomba akazunguka nyuma ya nyumba, akaona udongo ulivyolowa. Akachuma nyanya mbichi moja, akanipa.

"Nikamulie. Au hizi ndizo wazee wa nyumba hii, niziamkie?"

Mke wangu alicheka hadi machozi. Kisha kicheko kikaisha, machozi yakabaki. Mjomba akageuka kunitazama, na utani umemtoka usoni.

"Mkorosho husimama kiangazi kizima bila kumtuma mtu bondeni. Wewe umechagua zao linalokunywa shingo ya mkeo."

Jioni Mama Somoe alifunga nguo zake na za mtoto, alfajiri akashuka kwao Chiwata, maji yanakopatikana karibu. Nikasema nitamfuata kesho, nikishamwagilia. Siku chache tu za kubeba ndoo, shingo yangu ikanisimulia yote aliyokuwa akiniambia. Nyanya zikakauka. Kumfuata bado nikasema kesho, mara aibu, mara jua kali. Chelewa chelewa, utakuta mwana si wako: nilipofika, miezi imeshapita, Somoe alijificha nyuma ya mama yake kama amemwona mgeni. Mama Somoe akaniletea maji, kikombe kimejaa pomoni.

"Kunywa, Baba Somoe. Hapa hayana kazi nyingine."

Nikanywa. Nikarudi peke yangu.

Leo nina kisima cha maji ya mvua uani. Mikorosho ilinisamehe, ndiyo inayonilisha. Mtungi umejaa, na kata juu yake, na kila mchana nasikiliza njia kama kuna anayekuja na kiu. Somoe huja msimu wa korosho, anakunywa, anawahi kwa wanawe.

Sasa wewe, mwanangu, umenionyesha simu yako, kijana amesimama katikati ya matikiti anacheka meno yote, nawe unataka kulima kama yeye. Matikiti hayana ubaya, wala nyanya hazina. Lakini kijana huyo yuko wapi, na nani anamchotea? Nenda ukalione shamba lenyewe, tena kiangazi, usiende masika kila kitu kinapotabasamu. Kabla hujauliza zao litakuingizia nini, uliza linakunywa nini, na litanyweshwa kwa shingo ya nani. Mwenye shingo hiyo umwulize kwanza, na akikujibu kwa utani, usicheke upesi. Anza na kipande kidogo kinachotosha mikono yako mwenyewe. Faida inayomwondoa mtu nyumbani utaila na nani?

Mungu akupe zao linalolingana na udongo wako, mwanangu, na mtungi usiokauka. Akupe na wa kunywa nawe. Ukipita huku juu, hata kama huna kiu, omba maji.