Viti Viwili vya Profesa

Jirani yetu hapa Scarborough, ughaibuni, ni profesa mstaafu, Mhindi wa Kigoa aliyezaliwa Kisumu. Anaandika kuhusu Waingereza wa miaka mia nne iliyopita, jinsi walivyobishana juu ya madaraka ya mfalme. Kila asubuhi huketi kwenye kiti cha dirishani akasema kama mfalme, huku akigonga goti kwa kidole mara tatu. Kisha huhamia kiti cha pili akampinga kwa sauti nyingine, nzito, ambayo si yake. "Lazima niwatetee wote, mama," huniambia. "Wenyewe wameshakufa." Mwanangu Tunu ana miaka mitatu na hadi jana alikuwa hajawahi kutamka neno; hushinda kabandika sikio kwenye ukuta unaotutenga na mzee. Jana tulimpelekea maandazi. Alipomaliza maneno ya mfalme na kuinuka ahamie, Tunu alikuwa keshakaa kwenye kiti cha pili. Akagonga goti mara tatu. "Hapana, mfalme," akasema kwa Kiingereza, kwa ile sauti nzito. "Sikumfundisha, mama," mzee akaninong'oneza. Kisha akarudi polepole dirishani, akalowesha kidole, akafunua ukurasa wa maandishi yake, akamjibu. Nami, niliyeingoja sauti ya mwanangu miaka yote hiyo, nikashindwa kumnyamazisha, ingawa sauti ile haikuwa yake.