Komeo la Chumba cha Mama

Seremala huyu watu walimpachika jina la Hakikisha, na jina likamkaa kuliko lile alilopewa na wazazi. Gundi aliinusa kabla ya kuinunua. Skrubu alizimwaga kwenye kaunta akazipekua moja moja, mwenye duka akigeukia ukutani kumeza hasira. Hata akisalimiwa vizuri alijiuliza huyu anataka nini. Kazi yake lakini ilikuwa safi, hilo hata wasiompenda walikubali.

Aliyemtilia shaka kuliko wote alikuwa shemeji yake, mume wa dada yake. Mama yao alihamia kwa hao wawili, mtaa wa pili kutoka kwa Hakikisha, miguu ilipoanza kumsumbua. Shemeji alikuwa mpole, mtu wa maneno machache, na Hakikisha hajapata kumwamini mtu mpole. Kwa hiyo siku mama alipohamia, kitanda hakijatandikwa bado, alimfungia komeo zito kwa ndani ya mlango wa chumba.

"Ukilala unafunga, ukijinyoosha unafunga," alimwambia. "Usimwonee mtu haya."

"Haya, baba," mama akaitikia.

Haukupita muda, komeo likang'oka. Dada akampigia simu. Hakikisha akachovya njiti za kiberiti kwenye gundi, akazishindilia katika matundu yaliyopanuka, akazikata sawasawa na mbao, kisha akarudisha skrubu. Zikauma vizuri. Hata mwezi haujaisha, simu tena.

Safari hii alipiga magoti akaingiza ukucha tunduni, na machale yakamcheza. Skrubu ikitolewa kwa nguvu, tuseme mlango umepigwa bega, hung'oa nyuzi za mbao na kuacha mdomo uliochanika. Matundu haya yalikuwa laini, yamelika pande zote. Mtu alizizungusha skrubu taratibu, akazitoa, akazirudisha, akazitoa tena. Na mwenye bisibisi katika nyumba hii alikuwa mmoja tu, shemeji.

Aliyatoboa matundu yakawa makubwa zaidi, akachonga vijiti vya mbao ngumu, akavigongelea ndani na gundi. Alishinda pale kutwa gundi ikikauka, akinywa chai ya shemeji, ambayo nayo aliinusa kwanza. Kisha akatoboa upya kwa keekee nyembamba, akakaza skrubu, na ile mikato ya kuingizia bisibisi akaiacha yote imesimama wima. Huo ulikuwa mtego.

Aliporudi siku chache baadaye bila taarifa, mikato ilikuwa imeelekea kila upande. Dada alikuwa sokoni, mama amejilaza, shemeji anapiga pasi sebuleni.

"Shemeji, hebu njoo hapa."

"Naam."

"Unatafuta nini chumbani kwa mama yangu?"

Shemeji akatazama komeo, akamtazama mama, akatazama sakafu. "Sitafuti kitu."

"Usinizuge! Hizi skrubu kazifungua nani? Jini?"

"Basi tuseme ni mimi. Yaishe."

Hakikisha aliingiwa na furaha, furaha mbaya ya mtu aliyengoja siku nyingi kuthibitishiwa ubaya wa mwenzake. Akavuta sanduku la mama kutoka uvunguni, akaanza kutupia nguo. Mama anaondoka leo leo, na katika nyumba hii hatakanyaga tena.

"Weka chini nguo zangu," mama akasema. Akapenyeza mkono chini ya mto, akatoa kisu butu cha mezani, ncha yake imepinda. "Bisibisi yangu hii hapa."

Hakikisha akageuka kukitazama, gauni mkononi.

"Wiki ile ya kwanza nilianguka hapo mlangoni, komeo nimelifunga. Huyu alisukuma akashindwa kuingia. Akakaa chini upande wa pili, akawa ananiongelesha mpaka nikajikokota nikafungua. Tangu hapo, kuliacha wazi nashindwa, maneno yako yananijia nalifunga; basi nikitaka kulala nazitoa skrubu zako. Asubuhi nazirudisha, dada yako asije akakwambia."

"Mama, si ungesema tu?"

"Ningesema, ungedai huyu kanishawishi. Nikamwomba anyamaze. Kila ulipomkata jicho alijua ni kwa ajili yangu, na bado akakuchemshia chai."

Haya zilimshika Hakikisha mpaka masikio yakamwaka moto. Alizitoa nguo za mama sandukuni moja moja, akazikunja vibaya, akazirudisha mahali pake, akalisukuma sanduku uvunguni. Kisha akalitoa komeo, akachonga vijiti vingine, akayaziba matundu yote, safari hii bila kutoboa upya. Shemeji naye alimshikia mlango usitikisike.

Mama alikuwa akiwatazama. "Na wewe, baba, ukianguka kule kwako, nani atakusikia?"

Kwake palikuwa na makomeo matatu na mtu mmoja, yeye mwenyewe. Hakikisha alimtazama shemeji yake, jirani wa mtaa wa pili, mtu pekee ambaye angekuja kugonga mlango wake, na hakuthubutu kumtaja.